Yule wa Land Rover isiyo na breki

Msomaji mmoja wa Mwanza ameniandikia hivi: "Shikamoo mwalimu. Utotoni tuliangalia kwenye kibanda cha video ile filamu ya chupa ya soda iliyodondoka kutoka kwenye ndege, The Gods Must Be Crazy. Mle mna mzungu mmoja mtafiti, anawaogopa wanawake, ana Land Rover inayomtesa. Juzi naangalia Blood Diamond nikamwona mtu yuleyule, amezeeka, kavaa suti. Kaka yangu anadai ndiye pia kondakta aliyemtoa Gandhi kwenye treni, tumewekeana soda. Nimeambiwa ni mwigizaji wa Kikaburu. Sasa mtu ambaye si stelingi, na lugha yake ina wasemaji wachache kuliko yetu, anaishije kwa kuigiza miaka yote hiyo? Nauliza kwa sababu na mimi naigiza, na kila nikiitwa napewa baba mwenye nyumba."

Marahaba, kijana wangu. Tuanze na soda: mlipe kaka yako. Huyo anaitwa Marius Weyers, amezaliwa Johannesburg mwaka 1945, na katika Gandhi ya mwaka 1982 kondakta ni yeye. Filamu ile inapita saa tatu. Yeye yumo kwa dakika chache tu: amevaa sare ya reli, anamkuta wakili kijana wa Kihindi kwenye behewa la daraja la kwanza, anataka kujua amefikaje mle, na muda si mrefu wakili na mizigo yake wako chini kwenye stesheni ya Pietermaritzburg. Kondakta harudi tena. Lakini toa dakika zile uone kama filamu ina pa kuanzia.

Kibandani sisi tulikuwa na stelingi, tukawa na adui, halafu "wale wengine". Mwigizaji unayemuulizia anatoka kwa wale wengine. Leo ni daktari, kesho hakimu, keshokutwa baba wa bibi harusi. Sura yake unaijua vizuri, jina hulijui. Kazi yake ni kukufanya uamini kwamba dunia ya stelingi ina watu wengine ndani yake, wenye shida zao, ambao wangeendelea na maisha hata stelingi asingepita pale. Ukiona filamu ambayo watu wote wanaonekana kama wanamsubiri stelingi aingie ndipo waanze kupumua, jua mwongozaji amebania hela kwenye waigizaji hawa.

Nirudi kwenye Land Rover, maana naona ndiyo iliyokukaa kichwani. Weyers anaigiza Andrew Steyn, mtafiti wa wanyama ambaye kazi yake ni kupima mavi ya tembo. Ametumwa kumpokea mwalimu mpya, Kate Thompson, aliyeigizwa na Sandra Prinsloo. Breki za gari ni mbovu na injini ukiizima kuiwasha tena ni bahati nasibu. Wewe na mimi tukifika kwenye geti tunasimama, tunashuka, tunafungua. Yeye hana anasa hiyo, kwa hiyo geti linageuka vita. Baadaye winchi ya gari hilohilo inalipandisha juu ya mti na kuliacha linaning'inia.

Mwongozaji, Jamie Uys, alipenda kupiga kamera polepole. Filamu za zamani zilionyeshwa kwa picha 24 kila sekunde. Ukipiga chache kuliko hizo halafu ukaonyesha kwa mwendo wa kawaida, watu wanakimbia kama kuku waliotishwa. Watazamaji tulicheka tukadhani ni kamera peke yake. Jaribu wewe: anguka, inuka, kimbia, huku ukijua mwili wako utaharakishwa baadaye, lakini uso wako lazima usomeke. Weyers anafanya hivyo bila kutabasamu hata mara moja. Kwake yeye hakuna kichekesho pale, kuna mtu anayejaribu kulifungua geti. Wachekeshaji wetu wengi wangemkonyeza mtazamaji, yeye hakonyezi. Ndiyo maana ulimkumbuka.

(Naomba nisisahau: stelingi wa filamu ile ni N!xau, mtu wa jamii ya Wasani kutoka Namibia, na kwa filamu ya kwanza alilipwa kidogo mno ukilinganisha na mamilioni iliyoingiza duniani. Hadithi hiyo inataka siku yake.)

Filamu ile ilitoka mwaka 1980, Afrika Kusini ikiwa imesusiwa na nusu ya dunia, na huko nje ilitembezwa kama filamu ya Botswana. Usishangae basi kwamba utotoni hukujua mtafiti yule ni raia wa nchi gani.

Sasa hilo neno "Kikaburu". Mimi pia nimelitumia miaka mingi. Redio za wakati wetu zilitulea hivyo, na makaburu walikuwa makaburu kweli. Lakini kwa swali lako litakupoteza. Kiafrikaans, ndiyo lugha ya Weyers, kinasemwa majumbani na watu karibu milioni saba Afrika Kusini, na zaidi ya nusu yao si Wazungu. Wengi ni kizazi cha watumwa walioletwa kutoka Asia na Afrika, cha Wakhoi, wenyeji wa asili wa kule, na cha mchanganyiko wa kila aina, watu ambao utawala wa ubaguzi uliwapa kundi lao kwenye vitambulisho na kuwahamisha mitaa. Waislamu wa Cape Town waliandika Kiafrikaans kwa herufi za Kiarabu, kama babu zetu wa Lamu na Pate walivyoandika Kiswahili. Kitabu kimoja cha fiqhi cha namna hiyo, cha Abu Bakr Effendi, mwanachuoni aliyetumwa huko na dola ya Uthmaniya, kilichapishwa Istanbul mwaka 1877. Wakati huo Kiafrikaans hakikuwa lugha rasmi ya mtu yeyote. Kilikuja kupewa hadhi hiyo mwaka 1925. Kumbuka hili, tutalihitaji nikifika kwa mama mmoja wa Upington.

Unauliza anaishije. Jibu fupi: kwa kuungaunga. Jibu refu linahitaji nikueleze hela ilikuwa inatoka wapi.

Filamu za kwanza za kuzungumza kwa Kiafrikaans zilitoka mwaka 1931. Mwaka 1956 serikali ikaanzisha ruzuku: mtayarishaji alirudishiwa fedha kulingana na tiketi alizouza, na baadaye kiwango cha filamu za Kiafrikaans kikawa kikubwa zaidi. Angalia mtego ulipo. Ruzuku inafuata tiketi, kwa hiyo anayejaza ukumbi anaongezewa, anayejaribu kitu kigumu anaachwa akauke. Matokeo yake yakawa mapenzi ya shambani, vichekesho vya mashemeji, askari kijana na mchumba wake. Kwa mwigizaji wa pembeni hali hiyo ina raha na karaha. Kazi zipo nyingi, kwa sababu kila shamba lina baba mkali na kila harusi ina mchungaji. Lakini baba mkali ni yuleyule filamu kumi mfululizo. Unalijua hilo, bwana mwenye nyumba.

Filamu peke yake haikumlisha mtu. Mwaka 1963 serikali ilianzisha mabaraza ya sanaa ya majimbo yenye vikundi vya tamthilia vinavyolipwa mshahara. La Transvaal lilijulikana kwa kifupi PACT. Mwigizaji Mzungu wa kizazi cha Weyers alikuwa na jukwaa la kudumu: mwezi huu Shakespeare kwa Kiafrikaans, mwezi ujao mkulima na binti zake. Palikuwa na redio, na hiyo ilikuwa kubwa kuliko tunavyofikiri, michezo ya kuigiza kila siku na familia nzima imekaa sebuleni. Televisheni ilichelewa ajabu. Nchi tajiri kuliko zote kusini mwa Sahara iliwasha televisheni Januari 1976, Zanzibar wakiwa tayari wanaangalia ya rangi! Watawala waliiogopa.

Televisheni ilipokuja ilileta kibarua ambacho hakuna aliyekitegemea. Chama cha waigizaji cha Uingereza kilizuia vipindi vya wanachama wake kuuzwa Afrika Kusini, ikabidi shirika la utangazaji litafute kwingine. Wakanunua vya Kijerumani, wakaviingizia sauti za Kiafrikaans. Mpelelezi Derrick wa München akawa anahoji watuhumiwa kwa Kiafrikaans, na watoto wakamjua Heidi akiongea kama binti wa Bloemfontein. Nyuma ya midomo ile kuna waigizaji waliokuwa wamekaa studioni na maikrofoni, wakilipwa. Ukizungumza na wazee wa fani kule watakwambia kuingiza sauti kulilipa kodi za nyumba nyingi kuliko filamu. Sisi tumekuwa na wakina DJ Mark wa kutafsiri filamu juu kwa juu, mtu mmoja anacheza sauti zote, na ufundi wake ni mkubwa. Kule kila mhusika alikuwa na mtu wake, na kila mtu na posho yake.

Halafu mambo yakabadilika. Ruzuku ikafa, na baada ya uchaguzi wa 1994 mabaraza yale ya majimbo yakavunjwavunjwa, vikundi vya mshahara vikaisha. Kwa miaka kadhaa filamu za Kiafrikaans zikawa za kuhesabu kwa vidole. Kilichoziba pengo ni tamasha la sanaa la Oudtshoorn lililoanza 1995, ambako mwigizaji anapeleka onyesho la watu wawili na meza moja akaondoka na chochote. Kituo cha televisheni cha kulipia cha Kiafrikaans, kykNET, kilichofunguliwa 1999. Na tamthilia za kila siku. Egoli ilianza 1992 ikaenda hadi 2010, nusu Kiafrikaans nusu Kiingereza, na waigizaji waliozoea kusubiri filamu moja kwa miaka miwili wakajikuta wanapiga sini kadhaa kwa siku.

Kwa hiyo lugha ya watu milioni saba inaweza kumlisha mwigizaji wa pembeni ikiwa watu hao wana kipato cha kulipia king'amuzi. Sisi wasemaji wa Kiswahili tunawazidi mara nyingi, lakini mtazamaji wetu alizoea kukodi kanda kwa mia tano. Wala sikulaumu mtazamaji.

Kipande kingine cha kuungaunga ni wageni. Hapa lafudhi ikawa bidhaa.

Miaka ya themanini Hollywood iligundua adui mpya, kaburu wa ubaguzi. Ungedhani waigizaji wa Kiafrikaans wangetajirika. La. Makaburu wakubwa walipewa watu wa Uingereza na Ireland. Lethal Weapon 2 ya mwaka 1989 ina makaburu wawili wanaochukiza kuliko wote, na walioigiza ni Joss Ackland wa London na Derrick O'Connor, mzaliwa wa Dublin. Mwaka 1993 Morgan Freeman aliongoza Bopha!, habari ya polisi mweusi katika kitongoji. Kaburu mkatili akapewa Mwingereza Malcolm McDowell, Weyers akawa afisa Van Tonder. Katika The Power of One ya 1992 aliigiza Profesa Marais, baba wa msichana anayependwa na stelingi. Filamu zote hizo mbili zilipigwa Zimbabwe, iliyokuwa imegeuka Afrika Kusini ya bandia. Milima ile na barabara zile zimecheza ubaguzi mara nyingi kuliko sisi tunavyojua. Mwaka 2003 katika Stander, kisa cha kweli cha kapteni wa polisi aliyekuwa akiiba benki mchana, kapteni akawa Mmarekani Thomas Jane. Weyers? Baba yake, jenerali.

Umeona mfululizo wake? Kondakta, afisa, profesa, jenerali, na katika Blood Diamond ya 2006 bosi wa almasi, Van de Kaap. Nje ya nchi alikuwa mtu wa sare na suti. Anaitwa ili stelingi aliyetoka Amerika au Uingereza apate ukuta wa kujigonga, na ukuta huo uwe na lafudhi ya kweli. P, T na K zake hazina pumzi, R inazunguka. Hata sisi tusiojua Kiafrikaans masikio yetu yanapokea, labda kwa sababu na sisi P zetu nyingi tunazitamka hivyo.

Mle mle ndani ya Blood Diamond yumo mwenzake wa lugha moja aliyechukua njia nyingine. Arnold Vosloo, Kanali Coetzee, alizaliwa Pretoria mwaka 1962, akapata jina nyumbani na Boetie Gaan Border Toe ya 1984, kichekesho cha kijana aliyeitwa jeshini. Halafu akahamia Marekani. Unamjua: ndiye Imhotep wa The Mummy ya 1999, kuhani wa Misri anayefufuka akiwa nusu mfupa. Miaka michache baadaye akawa gaidi Marwan katika mfululizo wa 24. Kijana wa Kiafrikaans kutoka Pretoria, Hollywood ikamwona Mmisri na Mwarabu! Amelipwa vizuri bila shaka, na sura yake iko kwenye mabango dunia nzima. Lakini kitambo alikuwa akiigiza watu ambao lugha yao haikuwa yake. Sisemi alikosea. Nasema tu kwamba aliyehama na aliyebaki walikutana kwenye filamu moja, mmoja kanali, mwingine bosi, na wote wawili pembeni ya DiCaprio.

Ukitaka kujua Weyers ni mwigizaji wa namna gani, acha hizo zote, itafute Paljas.

Ilitoka miaka ya mwisho ya tisini, ikiongozwa na Katinka Heyns, aliyeanza kama mwigizaji katika filamu za Jans Rautenbach, na kuandikwa na mumewe Chris Barnard. (Mwandishi, si yule daktari wa moyo, majina yao yamewachanganya watu miaka mingi.) Ndiyo filamu Afrika Kusini iliyoipeleka kugombea Oscar kwa mara ya kwanza baada ya ubaguzi kuisha. Jina lenyewe maana yake ni kama uganga, kiini macho.

Weyers anaigiza Hendrik MacDonald, mkuu wa stesheni ya Toorwater, kituo kilichotupwa katikati ya nyika kavu ya Karoo. Familia imekaa pale mpaka imeanza kuoza. Mke hana la kusema na mume, binti anatafuta pa kutokea, na mtoto wa kiume, Willem, ameacha kabisa kuzungumza. Siku moja treni ya sarakasi inachukua reli siyo, inalala pale usiku, na inapoondoka inamwacha mchekeshaji mmoja. Mtoto anampata. Waumini wa eneo lile wanasikia mambo ya ajabu yanatokea stesheni, wanaanza kunong'ona kuhusu shetani.

Rudi kwenye sare. Mwaka 1982 Weyers alivaa sare ya reli ya Afrika Kusini akamtupa mtu nje. Katika Paljas amevaa tena sare ya reli ya Afrika Kusini, na safari hii aliyetupwa ni yeye. Mtazamaji wa Kiafrikaans anajua reli maana yake nini: tangu miaka ya ishirini serikali iliwajaza Wazungu maskini kwenye kazi za reli ili wasilale njaa. Ile kofia ni heshima ya mtu ambaye bila hiyo hana kitu. Weyers anaigiza hivyo hasa. Hendrik ni mtu aliyejifungia ndani ya kazi ambayo karibu haipo, mkuu wa stesheni isiyo na abiria, na anashika utaratibu wake kama mtu anayeshika ukingo wa kisima. Hapigi kelele sana. Akiwa na mwanawe asiyesema anakuwa na aibu, aibu ya baba anayedhani ububu wa mtoto ni ushahidi dhidi yake. Na Ellis Pearson, ambaye ni mchekeshaji, ana rangi zote na miujiza yote ya filamu. Weyers ana kijivu tu. Mimi humwangalia wa kijivu.

Hii ndiyo tofauti ninayotaka uione. Kwa Kiingereza cha wageni sare ilitosha, mwigizaji akitokea amevaa, mtazamaji ameshamwelewa, tusonge. Kwa lugha yake sare ilikuwa mwanzo wa swali: huyu akivua kofia usiku anazungumza na nani? Ujira mkubwa ulitoka kwa wageni, lakini watu kamili aliwapata nyumbani. Miaka kumi na tano baadaye, mwaka 2012, Heyns na Barnard wakamwita tena katika Die Wonderwerker. Mwaka ni 1908, mshairi na mtafiti Eugène Marais, mtumwa wa mofini, anafika shambani Waterberg akiwa mgonjwa wa malaria. Weyers ni mwenye shamba, Gys van Rooyen. Mke wake anaigizwa na Elize Cawood, ambaye alishakuwa mke wake kwenye filamu mwaka 1991, Taxi to Soweto. Lugha ndogo ndivyo ilivyo. Unaoa mtu yuleyule mara mbili na kila mara ndoa ina matatizo.

Nilikuahidi mama wa Upington. Haya yote niliyoeleza, mabaraza ya mshahara, vikundi vya kudumu, yalikuwa ya Wazungu. Ukumbi mkubwa wa serikali Cape Town, Nico Malan, ulipofunguliwa 1971 uliingiza Wazungu tu. Wengine waliruhusiwa 1975. Wasemaji wengi wa Kiafrikaans walikuwa hawaruhusiwi kukaa kwenye viti vya ukumbi wa Kiafrikaans, sembuse jukwaani.

Shaleen Surtie-Richards alizaliwa Upington mwaka 1955, akawa mwalimu wa chekechea, akiigiza pembeni. Mwaka 1988 Katinka Heyns alimpa Fiela katika Fiela se Kind, kutoka kwenye riwaya ya Dalene Matthee. Ni karne ya kumi na tisa. Mtoto mdogo wa Kizungu anakutwa mlangoni kwa Fiela, mwanamke asiye Mzungu, naye anamlea kama wake. Miaka tisa baadaye wanakuja watu wa sensa. Wanahesabu, wanaona mtoto mweupe kwenye nyumba isiyo ya weupe, na anachukuliwa apewe familia moja ya wakata miti wa msitu wa Knysna kwa madai kwamba ni mwanao aliyepotea. Surtie-Richards ana mwili mkubwa na sauti inayojaza bonde, na waongozaji wengi wangemwambia apige kelele. Anachokifanya kinauma zaidi. Anajadiliana. Fiela anajua sheria si yake, hivyo anatafuta maneno ya adabu ya kumzuilia mtoto, na unaona kila neno la adabu linavyomgharimu.

Baada ya kazi ya namna ile ungetarajia milango ifunguke yote. Ilifunguka mlango wa jikoni. Kwa miaka mingi nchi nzima ilimjua kama Nenna, mfanyakazi wa ndani katika Egoli. Watu walimpenda mno, na alimfanya Nenna awe na ulimi na akili kuliko waajiri wake, lakini aproni ni aproni. Aliendelea na jukwaa, na tamthilia, na kipindi chake mwenyewe cha mazungumzo, hadi alipofariki Cape Town Juni 2021, akiwa na miaka 66. Ukiniuliza nani mwigizaji mkubwa zaidi wa pembeni wa Kiafrikaans nitamtaja yeye kabla ya Weyers, na nitaongeza kwamba pembeni hakujipeleka mwenyewe.

Kuna na gharama ya namna nyingine. Yule Kate wa Land Rover, Sandra Prinsloo, mwaka 1985 alicheza tamthilia ya Miss Julie jukwaani Cape Town pamoja na John Kani. Mwanamke wa Kizungu msemaji wa Kiafrikaans na mwanamume mweusi, na mle kuna busu. Baadhi ya watazamaji walisimama wakatoka. Mwigizaji wa lugha ndogo anaishi na watazamaji wake. Anakutana nao dukani Jumamosi.

Sasa baba mwenye nyumba. Mimi nimecheza hakimu mara nne, na mara moja sikulipwa mpaka leo. Mtayarishaji mwenyewe tukikutana ananiita mheshimiwa. Najua unavyojisikia. Usikatae, kwa sababu kwa hali ya soko letu anayekataa anasahaulika. Jifunze kuingiza sauti, maana vituo vinavyoleta tamthilia za Kituruki na Kihindi kwa Kiswahili vinahitaji midomo, na hapo sura yako haikufungi. Ukiitwa na wageni wanaotaka Mswahili wa kusimama nyuma ya stelingi wao, nenda, ila dai mkataba kabla ya kuvaa.

Na ukiletewa tena kanzu ya baba mwenye nyumba, kabla ya kugonga mlango wa mpangaji muulize mwongozaji swali moja: mwezi huu mimi mwenyewe ada ya mwanangu nimelipa? Akisema hajui, jijibu kimoyomoyo, usimwambie mtu, kisha gonga.